Isale la Manyovu

Baba yangu alishuka kwenye treni Kigoma akiwa amevaa koti zito la baridi, kofia ya pama, na uso wa mtu aliyekuja kuchukua mzigo wake. Mzigo wenyewe ulikuwa mimi.

Miaka ile ya wakimbizi, redio ilikuwa haiitaji Kigoma ila kwa vita vya majirani. Ng'ambo ya ziwa kunawaka, Burundi kunawaka, na watu wanaingia kwa maboti, kwa mitumbwi na kwa miguu, magodoro kichwani. Baba, kwa maneno yake, alikuwa akisikiliza taarifa ya habari kule Kilimanjaro, katikati ya kahawa zake, akaamini kwamba mimi nalala chini ya kitanda. Kumbe nilikuwa nalala usingizi wa pono huku Buzebazeba, katika vyumba viwili vya kupanga, na kinachoniamsha ni jogoo wa mwenye nyumba. Nilikuwa mkunga wa serikali. Nilipopangiwa Kigoma nililia, nilipofika nilinuna, na kabla mwaka haujaisha nilikuwa nimeshapapenda kiasi kwamba nikimsikia mtumishi mwenzangu anapaita mwisho wa reli, namjibu kwamba kwetu sisi reli inaanzia hapa.

Jioni ya pili, baada ya kula, baba alisafisha koo. Nikajua kuna jambo.

"Nakuhofia na hivi vita. Nimeongea na mtu wizarani," akasema. "Nafasi ipo Moshi. Umebaki wewe tu kuomba uhamisho. Jumapili tunapanda treni wote wawili, na huku hurudi."

Nikamuuliza aliongea naye lini. Akasema tangu kabla ya mavuno. Yaani muda wote huo watu wamekaa wanagawana maisha yangu kama mbuzi wa ukoo, na mwenyewe sina habari! Hasira zangu ziko karibu, hazihitaji kuitwa mara mbili. Nilimwambia mimi si mnyama wa kuvutwa kamba arudishwe zizini, nina kazi yangu na watu wangu, na siendi popote. Akaniambia nimekosa adabu. Nikamwambia yeye ndiye aliyekosa kuuliza. Akaingia chumbani akafunga mlango taratibu, na kwa baba yangu huo mlango wa taratibu ni mbaya kuliko wa kubamiza.

Tatizo ni kwamba nilikuwa nimeshapanga ziara ya Jumamosi.

Mji wakati huo ulikuwa umejaa wazungu wa mashirika, na magari yao meupe yenye antena ndefu. Mwisho wa juma walitaka kutembezwa, na bwana mmoja Muha, mzaliwa wa milimani aliyeoa Ujiji, alikuwa ameifanya hiyo kuwa kazi yake. Alikuwa na landrova kuukuu, shati jeupe lililopigwa pasi hadi likasimama lenyewe, na maneno mengi. Mkewe alijifungulia mikononi mwangu, ndiyo maana alikubali kutuchukua siku ambayo wazungu walimtaka. Mpango ulikuwa kuanzia stesheni, kwenda Ujiji kwenye mambo ya kale, kisha kupanda Manyovu kutazama milima. Nilitaka baba aone mahali ninapoishi. Kusema kweli nilitaka ashindwe. Nilitaka asimame mahali fulani juu, atazame, afungue mdomo na akose la kusema.

"Sista," yule mwongozaji aliniambia tangu mapema, "wazungu nawamaliza kabla ya adhuhuri. Nyie mtanichukua siku nzima."

"Kwa nini? Sisi tunatembea polepole?"

"Nikimpitisha mzungu mbele ya mzee bila kusalimia, mzee atasema dereva ana haraka, kabeba mgeni. Nikiwapitisha nyie, atasema mtoto wa fulani kakosa adabu. Na baba yako ana mvi. Hatuwezi kupita."

Nilidhani anatania.

Baba alikaa mbele, mimi nyuma. Tulikuwa hatusemeshani. Stesheni ile ya Wajerumani, yenye matao yake, aliikagua kimya, akagonga ukuta kwa kifundo cha kidole, akatikisa kichwa kwa kuridhika, kisha akaingia garini na kumwambia mwongozaji, "Mwambie Sista wako afunge dirisha la nyuma. Vumbi."

"Sista, mzee anasema ufunge dirisha."

"Mwambie nimesikia."

"Mzee, anasema kasikia."

Yule bwana alifurahi sana. Alisema amewahi kuwatafsiria watu Kifaransa kwa Kiswahili na Kiswahili kwa Kiha, lakini Kiswahili kwa Kiswahili ilikuwa mara yake ya kwanza. Baba aligeukia dirishani, na mimi nikaona shavu lake limecheza kidogo.

Kutoka hapo hadi Ujiji tulisimama kila penye mtu mwenye umri. Mwongozaji anazima gari, anashuka, anainama, anashikana na mzee viwiko, "Mwakeye," na mzee naye "Mwakeye," kisha wanaulizana watu wa nyumbani mmoja mmoja, na mifugo, na mvua. Halafu baba naye anaitwa ashuke asalimiwe. Mtaa wa Kasingirima peke yake tulishuka hadi nikaanza kusinzia. Baba yangu, mtu anayejua kuvuna adabu ya wengine kama haki yake, alianza kunyooka mgongo. Nafikiri kwa miaka mingi hakuna aliyemwinamia namna ile bila kutaka kitu.

Ujiji tulipelekwa mahali pa kumbukumbu, penye mnara wa mawe uliochorwa ramani ya Afrika, na nyumba yenye sanamu za wazungu wawili wanaovuliana kofia. Mwongozaji alisimama kando yao kama vile ni wajomba zake.

"Huyu alikuwa mmisionari, mgonjwa, kwao hawajui kama yu hai. Na huyu ni mwandishi wa habari, alitumwa kumtafuta. Akatembea tangu pwani, watu wake wakamkimbia, homa ikamshika. Akamkuta hapa."

"Alipomkuta akamwambia nini?" baba akauliza.

"Alimsalimia. Akamuuliza kama ndiye yeye."

Baba alisubiri. "Halafu?"

"Basi."

"Katembea kutoka pwani kuja kusalimia?"

"Ndiyo, mzee. Na kwa salamu ile Ujiji inajulikana dunia nzima. Sasa mkininung'unikia kwamba nachelewa na salamu, mnajua natokea wapi."

Baba alicheka. Alicheka kicheko chake cha zamani, cha kuanzia tumboni, ambacho sikuwa nimekisikia tangu tulipomzika mama. Kisha akakumbuka kwamba amenuna, akakohoa.

Zamani ziwa lilifika karibu na mnara ule, sasa limerudi nyuma, kwa hiyo tuliteremka kwa miguu hadi ufukweni. Dagaa walikuwa wameanikwa mchangani, na akina mama wakiwageuza kwa mifagio huku wakitaniana. Mafundi walikuwa wakigongelea mbao za boti jipya. Milima ya Kongo ilionekana ng'ambo, bluu, safi kabisa, na huwezi kudhani kuna mtu anakimbia chochote kule. Baba alisimama majini na viatu vyake vimelowa bila yeye kujua. Alichota maji kiganjani akaonja.

"Mwambie Sista wako haya maji ni matamu."

Sikungoja kutafsiriwa. Nilisema, "Ndiyo, baba." Hakukasirika.

Tulikula kwa mama mmoja karibu na forodhani. Ugali wa muhogo, na mgebuka aliyeogelea katika mawese. Baba aliitazama sahani akauliza nani kamwagia rangi ya mlango kwenye samaki. Akamaliza. Akaletewa nyingine, akamaliza. Akafuta vidole kimoja kimoja na kumwambia mwongozaji kwamba chakula si kibaya kwa watu waliokizoea.

Mwandiga, mahali barabara inapoanza kujiandaa kupanda, ilikuwa siku ya gulio. Mwongozaji alishuka kusalimia kama kawaida yake. Ndipo nikasikia, "Sista! Sista!" na mwanamke mmoja akaja mbio akipita kati ya mafungu ya maharage, mtoto akiruka mgongoni. Nilimkumbuka mara moja. Alikuwa Mrundi, alivuka mpaka na mimba kubwa, akaletwa hospitali mtoto amekaa vibaya. Usiku ule hatukuwa na lugha ya kuelewana, alinikamata mkono tu, na mimi nikaendelea kumwambia maneno ya Kichaga kwa sababu ndiyo yanayonitoka nikiwa na hofu. Sasa alikuwa anaishi pale kwa ndugu za mumewe, na amejua Kiswahili.

Akamfungua mtoto mgongoni, akamsimamisha chini na kumwambia, "Msalimie Sista." Mtoto alikuwa msichana, mnene, mwenye dharau. Akakataa. Mama yake akamwita kwa jina, kwa ukali.

Baba aligeuka mzima mzima.

Hapa ni lazima nieleze. Mimi ni binti wa kwanza, na kwetu binti wa kwanza hupewa jina la mama yake baba. Ndiyo maana tangu nikiwa mdogo baba huniita mama, hata anaponigombeza. Bibi yangu alikufa kabla sijazaliwa. Jina lake ni la Kichaga cha kale kabisa, siku hizi hata Moshi ni nadra kulisikia. Na sasa lilikuwa linaitwa gulioni Mwandiga, katikati ya maharage na ndizi, kwa lafudhi ya Kirundi.

"Amemwitaje?" Baba aliniuliza mimi. Alikuwa amemsahau mkalimani.

"Amemwita jina langu. Alimpa pale pale hospitali."

"Si lako," akasema. "Ni la mama yangu."

"Ndiyo, baba."

Yule mwanamke aliposikia kwamba huyu ndiye mzazi wangu, alipiga magoti palepale vumbini, kwa furaha, na mimi nikaona aibu nikamwinua. Baba alichuchumaa na koti lake zito. Alivua kofia. Akamsalimia yule mtoto kwa Kichaga, salamu kamili anayopewa mama mtu mzima, taratibu, bila kuruka neno. Mtoto alimsikiliza hadi mwisho. Kisha akaichukua kofia na kuanza kuitafuna ukingo, na watu wote waliokuwa karibu wakaangua kicheko, baba naye akiwemo.

Tulianza kupanda. Barabara nyekundu ilizunguka na kuzunguka, migomba ikasogea karibu, hewa ikapoa, na kila kona bonde jingine lilifunguka chini yetu, kijani juu ya kijani, na moshi mwembamba wa majiko. Nyuma ziwa likabaki ukanda unaometa. Mbele milima ilipangana hadi Burundi, wala huoni mstari wowote unaosema nchi hii imeishia hapa. Asubuhi baba alikuwa amemwambia mwongozaji kwamba mtu wa Kilimanjaro hapelekwi kuona milima. Sasa alikuwa ametoa kichwa chote dirishani, vumbi au si vumbi.

"Simamisha!" akapiga kelele.

Tulidhani anaumwa. Alikuwa ameona kahawa. Kabla gari halijatulia alisharuka tuta na kuingia katika shamba la mtu, anapindua majani kutafuta kutu, anabonyeza matunda kuona kama ugonjwa wa chulebuni umeingia, anazungumza na mibuni kama daktari wodini. "Hawa wanajua kupogoa," akatuambia kutoka mbali. "Nani amewafundisha?" Mwongozaji na mimi tuliegemea gari tukitazama bonde. Nilikuwa na raha isiyo na kifani. Nilijua nimeshinda.

Kisha nikaona amesimama.

Mwishoni mwa shamba, mahali linapopakana na jirani, palipandwa mstari wa masale. Ni mmea wa majani marefu membamba, na kwetu ndio unaotenganisha mashamba. Ila kwetu una kazi nyingine. Mtu aliyekukosea akija na jani la isale lililofungwa fundo, huna ruhusa ya kumkatalia. Hata kama kamwaga damu. Nimeona wakubwa wakilipeleka kwa wakubwa wenzao, na vijana wakilipeleka kwa wazee. Sijawahi kuona mzee akimpelekea mtoto wake.

Baba alichuma jani. Akalifunga fundo. Akageuka kuniangalia.

Hapo ndipo bibi mmoja alipotokeza kwenye migomba na jembe mkononi, akipiga yowe. Akaja kijana, wakaja majirani, kila mmoja na kifaa chake. Bibi alikuwa akisema Kiha kwa kasi, lakini kidole chake kilieleweka: mzee mwenye koti anaharibu mpaka wangu! Baadaye tuliambiwa alikuwa na kesi na shemeji yake kuhusu mpaka huohuo, na aliamini kabisa kwamba huyu ni mtu wa shemeji. Baba, kwa hofu, alijitetea kwa Kichaga. Ikawa mbaya zaidi, maana sasa alikuwa mtu asiyejulikana hata ametoka nchi gani.

"Mweleze!" nikamwambia mwongozaji. "Haraka!"

"Sista, siwezi kumweleza kabla sijamsalimu."

Na kweli, mbele ya majembe yote yale, aliinama. Ilikuwa alasiri, kwa hiyo akasema "Mwidiwe." Bibi, yowe likiwa bado mdomoni, akalazimika kuitika, kwa sababu ameinamiwa. Akaulizwa watu wa nyumbani, akajibu. Akaulizwa mbuzi, akajibu. Walipofika kwenye mvua, jembe lilikuwa limeshashuka chini. Ndipo mwongozaji akaeleza kwamba huyu mzee ni mkulima wa kahawa kutoka mbali, na kwamba kwao jani hili ni la kuombea msamaha.

Bibi alitafakari. Akasema neno, na majirani wote wakacheka hadi wakashikana mabega.

"Anasema nini?" baba akauliza.

"Anasema, umeiba jani ili ukaombe msamaha. Na msamaha wa kuiba jani, utauombea jani gani?"

Baba akainamisha kichwa, akampa lile lile, kwa mikono miwili. Bibi akalipokea, akaligeuza huku na huku, akamlisha mbuzi aliyefungwa kando. Kisha akaenda mwenyewe kwenye mstari wake, akachagua jani lililonyooka, akalikata kwa kisu na kumkabidhi baba. Hili sasa amepewa, akasema, halikuibwa. Aende akaombe.

Kwa hiyo baba alikuja mbele ya watu wote wale. Alifunga fundo.

"Mama," akasema. "Nilizungumza juu yako kama vile hupo. Nisamehe."

Nililipokea kwa mikono miwili kama inavyotakiwa.

"Na nilikudanganya. Nilisema nakuhofia wewe. Mimi kwenye redio huwa nasikiliza kidogo tu. Ile nyumba ni kubwa, mama. Jioni nawasha taa ya jikoni ili nione kana kwamba kuna mtu."

Nilimkumbatia, jambo ambalo kwetu binti halifanyi kwa baba yake, na koti lake lilinuka moshi wa treni na mawese. Nililia. Nilikuwa na furaha pia, na vyote viwili vilikuwa vinanitoka kwa wakati mmoja. Bibi alimuuliza mwongozaji kama msamaha umekubaliwa, akaambiwa ndiyo, akapiga vigelegele, akaagiza ndizi zichomwe.

"Nitakuja Krismasi," nikamwambia baba.

"Kila Mchaga anakuja Krismasi," akanijibu huku akijifuta macho na ukingo wa kofia. "Hiyo si ahadi."

"Nitakuja na Pasaka."

Akanitazama vizuri, kama mtu anayeangalia kama kahawa imekauka. "Siku tatu za treni, na mabasi?"

"Na mabasi."

Jumapili alipanda treni peke yake. Pasaka zote alizobakiza duniani, nilikwenda.